Mazoezi ni neema, lakini tusimkimbize mgonjwa wala mjamzito bila kuuliza



Mwezi Desemba 2016 Mama Samia Suluhu Hassan, ambaye wakati huo alikuwa Makamu wa Rais, alizindua kampeni ya taifa ya mazoezi, na Jumamosi ya pili ya kila mwezi ikatangazwa kuwa siku ya Watanzania kutoka nje na kunyoosha viungo. Wenzetu wa Zanzibar wao wana desturi ya kukusanyika kila tarehe 1 Januari, vikundi kwa vikundi, kwa ajili ya mazoezi ya pamoja. Tangu hapo jambo hili limeenea hadi katika miji midogo. Ukitoka msikitini baada ya Swala ya Alfajiri huwakosi vijana na wazee wakikimbia kandokando ya barabara, na harusi siku hizi haifungwi mpaka bibi harusi na mashoga zake wamekwisha kuhimizana kupunguza mwili.

Sababu ya kampeni ile haina ubishi. Uchunguzi wa kitaifa wa mwaka 2012, ule unaojulikana kwa jina la STEPS, ulionesha kuwa takribani mtu mzima mmoja katika kila wanne nchini ana shinikizo kubwa la damu, na tisa katika kila mia wana kisukari. Maradhi haya yana mizizi katika kukaa sana, kula sana na kutembea kidogo. Kwa hiyo mwandishi huyu hapingi mazoezi. Anachokilalamikia ni kwamba katika matangazo yote hayo, ya vipaza sauti na ya mabango, sentensi moja hukosekana: wewe mwenye maradhi fulani, na wewe mwenye mimba ya namna fulani, uliza kwanza.

Mwezi ule ule wa Desemba 2016, tarehe 4, katika uwanja wa Kaitaba mjini Bukoba, kijana Ismail Mrisho Khalfan wa Mbao FC, mwenye umri wa miaka 19, alifunga bao katika ligi ya vijana wa chini ya miaka 20, kisha muda mfupi baadaye akaanguka uwanjani na kufariki dunia. Innaa lillahi wainnaa ilayhi raajiuun. Si kazi yetu hapa kutaja kilichomuua. Tunachokumbushwa ni kuwa kijana mwenye nguvu za kufunga bao anaweza kuwa na jambo ndani ya mwili ambalo macho ya watazamaji hayalioni. Miaka 13 kabla yake, tarehe 26 Juni 2003, mchezaji wa Cameroon Marc-Vivien Foé alianguka vivyo hivyo mjini Lyon, Ufaransa, mbele ya kamera za dunia nzima, na uchunguzi ukaonesha kuwa misuli ya moyo wake ilikuwa imenenepa kwa maradhi ya kuzaliwa nayo. Ikiwa hayo yanawafika wanamichezo waliozungukwa na madaktari, itakuwaje kwa mzee wa miaka 60 ambaye hajawahi kupimwa presha, ameamua leo kukimbia kilomita tano kwa sababu jirani yake anakimbia?

Dini yetu haikuacha suala la kuupima mwili kabla ya kuutwika mzigo. Swala ni nguzo, lakini Sahaba Imran bin Huswain (R.A.), aliyekuwa na maradhi ya bawasiri, alipomuuliza Mtume (S.A.W.), aliruhusiwa kuswali akiwa amesimama, na akishindwa aketi, na akishindwa alale ubavu, kama ilivyo katika Bukhari. Katika kitabu hicho hicho imo habari ya kamba iliyofungwa baina ya nguzo mbili za msikiti, ambayo Bibi Zaynab (R.A.) alikuwa akiishika anapochoka katika swala ya usiku, Mtume (S.A.W.) aliamuru ifunguliwe, akaelekeza kuwa mtu aswali akiwa na nguvu na achokapo akae. Na alipomwona mzee anaburutwa baina ya wanawe wawili kwa kuwa ameweka nadhiri ya kwenda kwa miguu mpaka Al-Kaaba, alimwamuru apande mnyama. Ikiwa ibada yenyewe inapimwa kwa hali ya mwili wa mwenye kuifanya, basi kukimbia asubuhi kuna haki zaidi ya kupimwa.

Ipo pia habari nzito aliyoipokea Abu Daud kutoka kwa Jabir (R.A.), ya mtu aliyejeruhiwa kichwani safarini, kisha akapatwa na janaba. Aliwauliza wenzake kama anayo ruhusa ya kutayamamu, wakamwambia hana. Akaoga, akafa. Habari ilipomfikia Mtume (S.A.W.) aliwalaumu kwa ukali mkubwa, akawahesabu kuwa wao ndio waliomuua, kwa kuwa walijibu wasilolijua badala ya kuuliza. Wenzake wale hawakuwa na nia mbaya. Walikuwa watu wa dini waliotaka kufuata sheria. Basi anayemwambia mjamzito asiyejua hali yake kuwa afanye tu, haina neno, na ajitazame katika kioo cha habari hii.

Sasa tuje nyumbani. Katika kata ya Kwamndolwa, katika mji wa Korogwe, na vijiji vinavyoelekea Handeni, neno mazoezi lina sura mbili. Sura ya kwanza ni hiyo ya raba na fulana. Sura ya pili ndiyo kubwa, nayo haina jina: ni dumu la lita 20 kichwani, ambalo ni kilo 20 kamili hata kabla ya kulihesabu dumu lenyewe; ni jembe la mkono tangu mvua za kwanza; ni kuni; ni kukata mkonge juani kwa walioajiriwa mashambani. Mwanamke wa huku haulizwi kama atafanya mazoezi. Anayafanya kila siku, kwa saa nyingi kuliko mkimbiaji yeyote wa Dar es Salaam, na mara nyingi akiwa na mimba. Kwa hiyo mwenye kuzungumzia usalama wa mazoezi akaishia kwenye mbio za asubuhi, amezungumza na wachache.

Juu ya mjamzito kuna makundi mawili ya washauri, na yote mawili yamo katika familia zetu. Kundi la kwanza humkataza kila kitu: asitembee, asiiname, alale. Kundi la pili, na hapa mama wakwe wengi watanisamehe, humwambia mkaza mwana afanye kazi kwa bidii ili mtoto atoke kirahisi. Hata wataalamu wenyewe wamepita njia hizi mbili. Mwaka 1985 chama cha madaktari wa uzazi wa Marekani kilitoa mwongozo uliomtaka mjamzito asiruhusu moyo wake upige zaidi ya mara 140 kwa dakika, na mazoezi mazito yasizidi dakika 15. Mwaka 1994 ukomo huo wa mapigo uliondolewa, kwa sababu haukuwa na ushahidi wa kutosha. Leo Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 2020, linamtaka mjamzito asiye na kizuizi cha kitabibu afanye angalau dakika 150 kwa wiki za mazoezi ya wastani, ambazo ni sawa na nusu saa ya kutembea kwa siku tano. Faida zake zinafahamika: hupunguza uwezekano wa kisukari cha mimba na wa kifafa cha mimba, na humsaidia mama asinenepe kupita kiasi. Mimba si maradhi.

Lakini yasomeni tena maneno yale, asiye na kizuizi cha kitabibu, kwani hapo ndipo penye roho za watu. Mwongozo wa wataalamu wa Kanada wa mwaka 2019 umewataja wanawake ambao hawatakiwi kabisa kufanya mazoezi zaidi ya shughuli ndogo ndogo za kila siku. Ni yule ambaye chupa imepasuka, au uchungu umeanza kabla ya wakati. Ni yule anayetokwa na damu isiyojulikana sababu yake na isiyokoma. Ni yule ambaye kondo la nyuma limekaa chini na kuziba njia, baada ya wiki ya 28. Ni yule mwenye kifafa cha mimba katika hatua zake za mwanzo, yaani presha imepanda na protini inaonekana katika mkojo. Ni yule ambaye mlango wa kizazi umelegea, yule ambaye mtoto hakui tumboni inavyotakiwa, na yule mwenye watoto watatu au zaidi tumboni. Wamo pia wenye shinikizo la damu, kisukari cha aina ya kwanza au maradhi ya tezi ya shingo ambayo hayajadhibitiwa, na wenye maradhi mazito ya moyo au mapafu.

Liko kundi jingine ambalo halikukatazwa moja kwa moja, bali linatakiwa kukaa na mtaalamu na kupima faida na hasara: aliyeharibikiwa na mimba mara kwa mara, aliyewahi kujifungua kabla ya wakati, mwenye mapacha baada ya wiki ya 28, mwenye lishe duni, na mwenye upungufu wa damu unaomletea dalili. Huyu wa mwisho ndiye ninayetaka tumtazame kwa muda, kwa sababu ndiye jirani yetu. Takwimu za kitaifa za afya ya uzazi na malaria za mwaka 2015 na 2016 zilionesha kuwa asilimia 57 ya wajawazito nchini walikuwa na upungufu wa damu. Yaani zaidi ya nusu. Damu ndiyo mchukuzi wa hewa safi kutoka mapafuni kwenda kwa mama na kwa mtoto. Ikipungua, moyo hulazimika kupiga haraka zaidi ili kufidia. Mjamzito hutakiwa kuwa na damu isiyopungua gramu 11 kwa kipimo cha desilita. Akiwa na 9 na huku anapanda mlima na dumu kichwani, moyo wake unafanya kazi ya mioyo miwili. Akishuka chini ya 7 huo ni upungufu mkali, na mahali pake ni hospitali. Pale bondeni Korogwe, malaria, minyoo na chakula cha ugali na mboga moja huchangia hali hiyo, na ndiyo maana kliniki hutoa vidonge vya kuongeza damu na dawa ya kukinga malaria. Vidonge hivyo vikitupwa kwa sababu vinaleta kichefuchefu, hakuna mashauri ya mazoezi yatakayofaa kitu.

Mjamzito aliyeruhusiwa afanyeje basi? Atembee, na kipimo chake kiwe ulimi wake. Kama anaweza kusoma Suratul Fatiha aya baada ya aya bila kukatika pumzi, mwendo wake ni salama, akishindwa, apunguze. Asichague saa za jua kali, na maji ayanywe. Baada ya miezi mitano asifanye mazoezi ya kulala chali, kwa sababu mfuko wa uzazi hukandamiza mshipa mkubwa unaorudisha damu moyoni, akapata kizunguzungu na mtoto akakosa damu ya kutosha. Aache michezo ya kuanguka na kugongwa tumbo. Na asimame mara moja, aende kituo cha afya, akiona damu au maji yanatoka ukeni, tumbo linakaza kwa vipindi, anapata maumivu ya kifua, anahema hata kabla ya kuanza, kichwa kinauma sana na macho yana ukungu, au ndama ya mguu mmoja imevimba na inauma. Mtoto akipunguza kucheza tumboni, hilo nalo si la kungoja kesho.

Ama aliyejifungua, aanze na mwendo wa taratibu ndani ya nyumba, hata aliyepasuliwa, kwani kutembea huzuia damu kuganda miguuni. Mazoezi mazito na kubeba ndoo vingoje mpaka apimwe, kwa kawaida baada ya wiki sita. Siku 40 ambazo mila zetu humpumzisha mzazi zimekaa karibu sana na muda huo, na huu ni mmoja wa mahali ambapo bibi zetu walikuwa mbele ya vitabu.

Nimesema wagonjwa na wajawazito, lakini kuna mtoto mmoja ambaye katika mkoa wa Tanga hatuwezi kumruka. Ni mtoto wa selimundu. Mwaka 1954 mtafiti Anthony Allison alionesha, kwa kazi aliyoifanya Afrika Mashariki, kuwa mtu aliyerithi chembe hiyo kutoka kwa mzazi mmoja tu hupata kinga fulani dhidi ya malaria kali, na kwa hiyo hali hiyo imejaa zaidi katika mabonde yenye mbu kuliko milimani. Korogwe ni bonde la namna hiyo. Si bure kwamba majaribio makubwa ya chanjo ya malaria ya RTS,S yaliyoanza mwaka 2009 yalikuwa na kituo hapa. Tanzania hukadiriwa kuzaliwa watoto wapatao 11,000 kila mwaka wakiwa na ugonjwa kamili wa selimundu. Na katika upimaji wa watoto wachanga uliofanyika Dar es Salaam, takribani 13 katika kila 100 walikutwa wamebeba chembe kutoka kwa mzazi mmoja bila kuwa wagonjwa.

Mtoto mwenye ugonjwa kamili huingia katika maumivu makali anapopatwa na baridi, kiu na uchovu wa kupindukia. Sasa kumbukeni mchakamchaka wa shule zetu: alfajiri, ubaridi wa mwezi wa saba, tumbo tupu, na mwalimu nyuma na fimbo. Mtoto huyu asinyimwe kucheza, kwa kuwa kucheza kwa kiasi kunamfaa, lakini aachiwe kupumzika anapochoka, anywe maji, na asilazimishwe kumaliza mzunguko pamoja na wenzake. Haya mwalimu hawezi kuyajua asipoambiwa, na wazazi wengi huficha kwa kuona aibu, kana kwamba kurithi ni dhambi.

Kuhusu aliyebeba chembe moja tu, yeye kwa maisha ya kawaida ni mzima. Hatari yake hutokea anaposukumwa kupita uwezo wake katika joto. Mwaka 1970 madaktari wa Marekani waliandika habari za makuruta wanne weusi wa kambi ya Fort Bliss, Texas, iliyo karibu mita 1,200 juu ya usawa wa bahari, waliofariki katika mafunzo. Wote walikuwa wamebeba chembe hiyo. Mwaka 1987 uchunguzi wa makuruta wa majeshi ya nchi hiyo ulionesha kuwa hatari ya kifo cha ghafla kwa watu wa namna hiyo ilikuwa kubwa kwa takribani mara 30. Lakini tazameni kilichofuata. Jeshi likaweka utaratibu wa maji, mapumziko na kuongeza uzito wa mafunzo kidogo kidogo kwa askari wote. Mwaka 2016 wanajeshi weusi wapatao 48,000 walipochunguzwa, tofauti ya vifo haikuonekana tena, ingawa hatari ya misuli kuvunjika na kumwagika katika damu ilibaki juu kwa asilimia 54. Hawakuacha mafunzo, wala hawakuwafukuza wenye chembe. Walibadili namna ya kufundisha, na watu wakaacha kufa.

Kwa sababu hiyo nasema waziwazi juu ya adhabu ya kurusha kichura, ambayo bado iko mashuleni na, tusidanganyane, iko katika baadhi ya madrasa zetu pia. Mtoto ametoka kucheza mpira, hajanywa maji, anachelewa darasani, ustadhi anamwamuru aruke kichura mara mia kuuzunguka uwanja. Ustadhi anadhani anamtia adabu. Hajui damu ya mtoto huyo ikoje. Baada ya adhabu ya namna hiyo mtoto akikojoa mkojo mweusi kama chai ya rangi, na mapaja yamevimba na kukaza, hiyo ni misuli iliyovunjika, na figo zake ziko hatarini. Apelekwe hospitali siku hiyo hiyo. Kukimbia na kuruka si vyombo vya adhabu. Anayetaka kumwadhibu mtoto na ampe sura ya kuhifadhi.

Kwa wenye kisukari maneno ni machache lakini yashikwe. Anayetumia insulini au vidonge vya glibenklamaidi anaweza kushukiwa na sukari akiwa njiani, na hata saa kadhaa baadaye usingizini. Apime kabla, ikiwa chini ya 5 ale kitu kwanza, na mfukoni awe na pipi au sukari. Ikizidi 14 naye anajihisi mgonjwa, ana kiu kali au anatapika, siku hiyo si ya mazoezi. Asitembee peku wala kwa kandambili, kwa kuwa mguu uliokufa ganzi hausikii mwiba, na kidonda cha mguu kimewakata wengi. Na mwezi wa Ramadhani asikimbie jioni kabla ya futari, saa ambayo sukari na maji vimekwisha mwilini. Nusu saa ya kutembea baada ya Tarawehe yamtosha, na Tarawehe yenyewe ni harakati tosha kwa wengi.

Mwenye presha atembee sana, kwani kutembea huishusha. Lakini ikiwa imefika 200 kwa ile ya juu au 110 kwa ile ya chini akiwa amekaa, kwanza ni dawa na daktari. Kunyanyua vyuma, au gunia la mahindi, huku amebana pumzi hupandisha presha kwa ghafla. Anayemeza atenolo au propranolo asijipime kwa mapigo ya moyo, maana dawa hizo huyazuia yasipande, naye akadhani bado hajachoka. Na wale wa dawa za kukojoa wawe waangalifu na joto letu, maji yao hupotea mara mbili. Wa pumu wapashe mwili moto taratibu na wabebe bomba lao la kuvuta dawa, wala si kuliacha nyumbani.

Ipo dhana moja ya mitaani ya kwamba homa hutolewa kwa jasho. Kijana ana malaria au mafua makali, anaambiwa akacheze mpira atoke jasho apone. Homa nyingine hugusa misuli ya moyo, na moyo uliovimba ukilazimishwa kukimbia unaweza kusimama. Mwenye homa apimwe, atibiwe, apumzike, na arudi uwanjani siku kadhaa baada ya homa kuisha. Na ye yote, mzee au kijana, ambaye huzimia au hubanwa kifua anapokimbia, au ambaye katika familia yake kuna aliyefariki ghafla akiwa kijana, asirudi kukimbia mpaka moyo wake usikilizwe. Tangu mwaka 2015 nchi ina Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete pale Muhimbili, lakini safari huanza kwa kipimo cha presha katika kituo kilicho karibu, au hapo Magunga kwa watu wa Korogwe.

Atasema msomaji kuwa maneno haya yatawatisha watu wakae vibarazani. Hofu hiyo ina ukweli, nami nisingependa makala hii itumike na wavivu. Mwongozo ule ule wa mwaka 2020 umewataja kwa majina wenye presha, wenye kisukari, waliopona saratani na wanaoishi na virusi vya Ukimwi, ukasema wote hao wanafaidika na mazoezi, na kwamba kidogo ni bora kuliko kutofanya kabisa. Mgonjwa anayelala mwaka mzima anajidhuru kwa njia nyingine. Bibi Aisha (R.A.) alishindana mbio na Mtume (S.A.W.) akamshinda, kisha baada ya muda, mwili wake ulipoongezeka, Mtume (S.A.W.) akamshinda yeye, hawakuacha kukimbia kwa kuwa mwili umebadilika. Mwenye kuanza na aanze kwa dakika kumi, aongeze kidogo kila wiki, na asitoke peke yake. Kina mama wanaotaka sitara wanaweza kutembea wawili wawili baada ya Alasiri, jua linapopoa, na hapo mmoja akizidiwa yupo wa kuita.

Kilichobaki kiko mikononi mwa wanaume wa nyumba zetu, kwa sababu katika familia nyingi ndio wanaopanga nani aende kisimani na nani aende shambani. Kadi ya kliniki ya mke hukaa chini ya godoro, na baba wengi hawajaifungua tangu ilipotolewa. Ndani yake kuna nafasi ya wingi wa damu, ya presha, ya protini katika mkojo na ya historia ya mimba zilizopita. Ifunguliwe leo usiku baada ya Isha, muisome pamoja. Ikiwa nafasi ya wingi wa damu iko tupu, Jumatatu asubuhi mama apelekwe akapimwe, na dumu la maji la siku hiyo alibebe baba.